Somo wa Ndege

Dada yangu Mejumaa Sefu alikuwa hajawahi kupanda ndege, na watu wote wa Mwabungo walilijua hilo, wala hakuna aliyejali. Naanza hapo kwa sababu watu wa mbali wakisikia habari zake hudhani tulidanganywa. Hatukudanganywa. Tulikuwa na akili zetu timamu, tukamwendea mwanamke ambaye kitu kirefu kuliko vyote alichowahi kupanda ni ngazi ya kubadilishia taa, tukamwambia: tufunde, twaenda kuruka.

Mimi ni mdogo wake, Riziki. Nauza bajia na viazi karai pale Ukunda, na sina subira na mambo ya vitabu. Ukinipa kitabu nitakifungia bajia. Kwa hiyo msinitazamie nimpambe dada yangu. Nitasema yaliyokuwa.

Mejumaa alisafisha vyumba katika hoteli moja ya Diani tangu angali msichana. Wageni wakiondoka huacha vitu nyuma: mafuta ya jua, ndara za mguu mmoja, vitabu. Wenziwe waligombea mafuta, yeye akachukua vitabu. Na mtu akikipenda kitabu hurudi nacho kwao, kwa hiyo vilivyobaki vitandani vilikuwa ni vile vilivyowashinda wenyewe. Kiingereza chake kilikuwa cha darasa la nane, na Kijerumani chake kilikuwa cha kuuliza taulo ngapi. Havikumzuia. Alikuwa akisoma amesimama bafuni, brashi mkono mmoja na kitabu mkono wa pili, na msimamizi akipita anaongeza maji ya bomba kama anayeosha.

Katika vyote alipenda vya ndege tu. Nilimwuliza kwa nini, akanijibu, "Riziki, watu hawa wote wamekuja kwa juu. Mimi nawatandikia kitanda, nawaoshea choo, na sijui walipita wapi."

Kimoja kilikuwa cha Kijerumani, kinene, chenye picha za matumbo ya ndege. Kingine kilikuwa cha askofu mmoja aliyeogopa kuruka, akaandika sala za kila hatua ya safari, mpaka sala ya kungojea mizigo. Alichokipenda zaidi kilikuwa hadithi ya daktari na mhudumu wa ndege, wanapendana na kugombana mawinguni. Kile kilikuwa kimetumbukia bwawani, kurasa za mwisho zikashikana zikawa ubao, kwa hiyo katika nyumba yetu ile ndege iliondoka vizuri kabisa lakini haikutua hata siku moja. Ndani ya kurasa zake alikuta ile karatasi ngumu ya kuonyesha namna ya kujiokoa ndege ikianguka majini. Akaibandika ukutani juu ya kitanda, mahali ambapo wengine hubandika kalenda. Mumewe alipoiona alisema hawezi kulala chini ya ajali, akaenda kuoa Msambweni.

Sasa, habari ya kufunda ilianza na Yusra, binti wa jirani yetu Bi Nimwaka. Yusra aliolewa na Mswisi mmoja aitwaye Ueli, fundi wa matanuri ya mikate, mtu mpole asiyejua kukataa. Wiki ya kuondoka kwenda kwao Yusra alilia mpaka macho yakamfura. Kwetu sisi mwanamke anayekwenda mahali asipopajua haachwi peke yake. Mwari hupewa somo, mwanamke mzima wa kumfunda mambo ya ndani, na siku ya siku somo humsindikiza mpaka chumbani, naye akakaa mlangoni. Yusra alikuwa naye somo wa harusi. Lakini alipomwuliza kuhusu ndege, yule mama alimwambia ni kama ndoa tu, ukishafika juu utajua. Yusra akazidi kulia.

Ndipo akaitwa Mejumaa. Alikuja na karatasi yake ngumu na vitabu vyake kichwani. Akawatoa wanaume wote uani, akafunga mlango, akapanga mabenchi mawili yakifuatana, akamkalisha Yusra na kumfunga tumbo kwa leso iwe ndio mkanda. Akamfunda kutafuna kitu masikio yakiziba. Akamfunda kuvaa kile kifuniko cha pumzi, kwa kutumia kifuniko cha sufuria. Akamfunda kutomjibu jirani mlevi. Mlango ulipofunguliwa Yusra alitoka ametulia, na wiki mbili baadaye akapiga simu katika duka la Ukunda akasema kila kitu kilikuwa vilevile alivyoambiwa, ila chakula kilikuwa kibaya zaidi.

Basi, sifa zikaenea. Walikuja wachumba wa Wajerumani, wakaja mahujaji, akaja mpishi aliyepata kazi Dubai, mwanamume mzima, akafundwa amevaa buibui la mkewe ili asivunje sharti la mlango. Kila mmoja alileta doti ya leso, kama apewavyo somo yeyote. Kuondoka aliwafunda barabara, na mawingu pia. Kutua tu ndiko kulikokuwa na upungufu, kwa sababu ya zile kurasa zilizoshikana. Hapo aliwapa sala ya askofu, akiibadilisha majina matakatifu ili iwafae Waislamu.

Mwaka wa tisini na saba zikaja zile fujo za Likoni, wageni wakakimbia, mahoteli yakabaki na paka. Wafanyakazi wakapunguzwa, na dada yangu akawa miongoni mwao. Siku ya mwisho walipekuliwa mifuko getini. Katika mfuko wa Mejumaa kulikuwa na kitabu kimoja, cha rubani wa ndege za kunyunyizia dawa mashambani, na askari akasema ni mali ya hoteli, akakichukua. Alikuwa amefika katikati. Miaka yote ile ya kuinama, na kilichomwuma ni kitabu. Nilimwambia ni upuuzi.

Halafu zikaja mvua za El Nino, zikanyesha kana kwamba huko juu kuna mtu amesahau bomba. Bi Nimwaka, mama yake Yusra, alikuwa na nyonga iliyokuwa ikilika kwa miaka. Akateleza matopeni, ikamalizika. Madaktari wa Msambweni walimpiga picha, wakamtuliza maumivu, wakasema operesheni yenyewe ikafanywe Nairobi. Na barabara ya Nairobi ilikuwa imekatika vipande vipande. Kukaa kitini saa moja au mbili bibi aliweza, ila si siku mbili basini. Yule mkwe asiyejua kukataa akalipia ndege ndogo kutoka Ukunda, viti viwili kwenda na kurudi: cha mgonjwa na cha mtu wa kumsaidia.

Kiti cha pili kilikuwa cha Abdulaziz, mwanawe. Hakuna aliyewaza vinginevyo, hasa Abdulaziz mwenyewe. Yeye alikuwa dalali wa mashamba, mtu wa maneno mengi, na alikwisha kununua koti la baridi ya Nairobi. Alikuwa akilivaa mchana wa Ukunda alizoee, jasho likimchuruzika mpaka viatuni.

Mejumaa alimfunda Bi Nimwaka wiki nzima. Mafunzo yalipokwisha, tukiwa bado chumbani, bibi akauliza, "Na nani anaingia na mimi?"

Abdulaziz akaitwa, akaja na koti lake. "Mimi, mama."

"Wewe ni somo wangu?"

"Mimi ni mwanao."

"Nimeolewa mara mbili, Mwenyezi Mungu awarehemu wote wawili. Mara zote mbili somo wangu alikaa mlangoni mpaka nikatoka. Sikuona mwanamume pale. Leo wataka niingie nisipopajua, wewe ndiye unishike mkono?"

"Mama, hiyo ni ndege! Si chumba cha bibi harusi!"

"Ina mlango?"

"Ina mlango, lakini..."

"Basi."

Abdulaziz akanigeukia mimi, kama kwamba mimi ndiye hakimu. "Riziki, mwambie. Huyu dada yako hajaruka hata ukuta. Atamsaidia nini mama angani?"

Sikutaka kumwunga mkono Abdulaziz, kwa sababu simpendi, lakini alikuwa na haki. Nikasema, "Bi Nimwaka, kweli Mejumaa hajaruka."

"Somo wangu wa kwanza alikuwa hajazaa," akasema bibi, "na mimi nimezaa saba. Nendeni mkapige simu."

Simu ikapigwa. Ueli akauliza kwa kinywa cha Yusra huyo mwanamke ni nani kwa mgonjwa. Tukasema ni somo. Yusra akamweleza huko kwa muda mrefu sana, mpaka mwenye duka akaanza kukohoa, halafu Ueli akasema kama ni mtaalamu, sawa. Kiti kikawa cha Mejumaa.

Tangu saa ile dada yangu aliacha kusema. Akaosha sufuria moja mpaka nikamnyang'anya. Mganga hajigangi: mwanamke aliyewatuliza watu wa kwenda mpaka Jeddah, sasa hawezi kumeza tonge. Usingizi ukampotea. Nikamwuliza kama anaogopa.

"Naogopa," akasema. "Lakini si hilo. Riziki, vitabu vyote vinasema kwamba ukiwa juu nyumba huonekana kama viberiti. Cha Mjerumani kina picha ya viberiti. Askofu asema viberiti. Daktari amwambia yule msichana, tazama, viberiti. Nafikiri walinakiliana. Nataka nikaangalie mwenyewe."

"Uende mbali kote huko kwa ajili ya viberiti?"

Akasema, "Nataka niione ile hoteli ikiwa chini yangu. Mara moja tu. Niliowaambia ni wewe na Bi Nimwaka, usiende kuitangaza kwenye bajia zako."

Hapo sikumcheka. Nilikumbuka yule askari wa getini, nikamwombea dada yangu mbingu iwe nyeupe siku hiyo, bila wingu.

Na ilikuwa nyeupe. Uwanja wa Ukunda wakati ule ulikuwa njia moja ya lami, kibanda, na mbuzi. Msimamizi wa mizigo alikuwa kijana wa bara aitwaye Jacktone, aliyevaa fulana ya kung'aa na kujiona ndiye rubani. Alikuwa na mizani.

"Mathe, panda hapa kwa scale," akamwambia Bi Nimwaka.

"Nipimwe kwa nini?"

"Ndege ni ndogo, mathe. Lazima tujue weight ya kila mtu."

"Mimi si mbata," akasema bibi. "Mbata za nazi ndizo hupimwa."

Mejumaa akaogopa. Hakuna kitabu hata kimoja kilichosema abiria hupimwa. Alipekua kichwani mwake, nikamwona anavyopekua, asipate kitu. Mwishowe akapanda yeye mwanzo, kwa sababu somo hutangulia, na bibi akakubali kupanda baada yake huku ameushika mkongojo, mkongojo nao ukapimwa.

Kisha Jacktone akaunyanyua mfuko wa Mejumaa, akaushusha upesi. "Sista, umebeba mawe?"

Vilikuwa vitabu. Alikuwa amevichukua vyote ili avikague angani kimoja kimoja, aone nani amesema kweli.

"Hii haiwezi fly," Jacktone akasema. "Ni wewe ama vitabu. Choose."

Dada yangu alisimama pale kwenye lami akiutazama ule mfuko, na mimi nikatazama pembeni kwa aibu, maana alikuwa anafikiri kwa kweli. Halafu akanikabidhi. Nilirudi navyo Mwabungo kichwani, na shingo iliniuma wiki nzima.

Sasa vidonge. Mejumaa alikuwa amesoma kwamba mtu wa mara ya kwanza hutapika, kwa hiyo alinunua katika duka la dawa vidonge viwili vya kuzuia kichefuchefu, kimoja chake na kimoja cha mwari. Akampa bibi chake pamoja na maji.

"Somo huonja kwanza," akasema Bi Nimwaka. Na ni kweli, hata uji wa harusi somo huuonja kabla ya mwari.

Mejumaa akameza kimoja. Bibi akamtazama. Tukangoja. Mbuzi walikuwa wamerudi njiani, Jacktone akawa anawafukuza kwa pikipiki, wale wanakwenda huku na yeye anakwenda kule. Rubani akatoka kuangalia kulikoni, msichana mdogo mwenye miwani myeusi na nywele za kusuka.

"Wewe ndiwe rubani?" bibi akamwuliza.

"Ndiyo, mama. Shikamoo."

"Marahaba. Umeolewa?"

"Bado, mama."

"Na huko juu nani alikufunda?"

Rubani akacheka, akasema alifundwa na mwanamke. Bibi akaridhika kuliko alivyoridhika na mizani, na mbuzi, na kila kitu. Akasema kama ni hivyo hana haja ya dawa tena.

"Basi nitakirudisha dukani," akasema Mejumaa.

"Chakula cha mwari hakirudishwi. Kikibaki, somo hukimaliza."

Nilikuwepo. Ningeweza kusema neno. Lakini nani angebishana na Bi Nimwaka juu ya mila, yeye aliyetufunda nusu ya kijiji? Mejumaa akameza cha pili.

Wakapanda. Rubani alimweka dada yangu kwenye kiti cha dirishani kilichokuwa karibu na mlango kabisa, na bibi pembeni yake, sawasawa na inavyotakiwa. Mlango ukafungwa. Mbuzi wakaanza upya. Jacktone akazunguka, tukamsaidia na sisi kwa leso na viatu, Abdulaziz kwa koti lake, na ile ndege imekaa inanguruma inatungoja. Hata njia ilipokuwa nyeupe jua lilikwisha panda.

Ilipotupita ikienda kasi nilimwona Mejumaa dirishani. Uso ulikuwa umegandishwa kwenye kioo, pua imebonyea. Nikawaambia wenzangu, "Mwoneni! Mwoneni anavyotutazama!" Nikapunga mikono miwili, nikapiga vigelegele mpaka sauti ikakauka. Ndege ikainuka, ikapinda juu ya mahoteli, ikaenda zake. Nililia kwa furaha mbele ya Jacktone, nami si mtu wa kulia.

Operesheni ilikwenda vizuri, alhamdulillahi. Siku ya saba Abdulaziz akatokea Nairobi, amefika kwa malori na miguu, na koti lake limejaa matope. Akasimama mbele ya kitanda cha mamake, akasema, "Mama, leo fungate imekwisha."

Huko hospitalini hakuna aliyejua maana yake, lakini wale wanawake wawili walijua. Harusi ikishafika siku saba, kazi ya somo imekwisha, hupewa zawadi akarudi kwake. Bi Nimwaka akamtazama mwanawe muda mrefu. Mila ilimpa Mejumaa kiti, na sasa hakuna wa kuikataa mila ilipokitaka kirudi. Akapewa doti ya leso na nauli ya basi. Kiti cha kurudia kikawa cha Abdulaziz.

Dada yangu alifika Mwabungo baada ya siku tatu za matope, miguu imemvimba. Nikampa maji, nikamkalisha, nikasema, "Haya! Sema!"

"Nililala, Riziki."

Sikumwelewa.

"Vile vidonge. Nilifunga mkanda wa bibi, nikafunga wangu, nikakaa kungoja. Niliamka Nairobi. Sikuona kitu. Hata mbuzi sikuona wakiondoka."

Niliketi chini. Nilitaka kucheka, nikatazama uso wake nikashindwa. Mwishowe nikasema, "Nani anajua?"

"Bi Nimwaka."

"Bi Nimwaka hasemi kitu. Watu wakikuuliza, wewe sema viberiti. Si vitabu vyote vimesema viberiti? Sema hivyo, wafurahi, waende zao."

Wanawake walikuja kila siku kutaka habari, na Mejumaa akawaambia somo hasemi kabla mwari hajatoka.

Mwezi ulipokwisha mwari akatoka. Akateremka Ukunda kwa mkongojo wake, Abdulaziz akimtangulia. Jioni tulijaa uani kwao, mikeka imetandikwa, chai inazunguka. Mejumaa akawekewa kiti karibu na bibi, kama ilivyo haki yake. Mimi nikakaa ubavuni mwake, tayari.

Abdulaziz hakungoja kuulizwa. "Jamani," akasema, "mbingu ni nyingine. Ukiwa kule juu, nyumba zote ni viberiti."

Dada yangu akanyanyuka kitini. "Kweli? Viberiti?"

"Viberiti kabisa."

"Muongo," akasema Bi Nimwaka. "Tangu Nairobi alifumba macho amenishika leso, akitaja majina ya marehemu. Mpaka tunatua nilikuwa namwambia fumbua, tumefika."

Wanawake walicheka mpaka chai ikamwagika. Abdulaziz akasema alikuwa akiomba dua, wakacheka zaidi. Kisha mmoja akasema, "Tusiwasikilize wanaume. Somo, sema wewe. Wewe ndiwe uliyesoma, na sasa umeona. Ni vipi?"

Nikamfinya Mejumaa pajani. Nikamnong'oneza, "Viberiti."

Akauondoa mkono wangu. "Sikuona kitu," akasema. "Nilimeza dawa, nikalala. Sijui ni vipi."

Kwanza walidhani ni mzaha. Halafu Abdulaziz akaruka juu. "Alilala! Somo alilala! Kiti cha dirishani!" Kicheko kikaanza upande wa pili wa uani, kikaja mpaka kwetu, na wale waliofundwa naye wakacheka pia, wakapigana mabega. Nilitamani kuwamwagia chai wote. Mejumaa hakucheka wala hakuinama. Alikaa tu, mikono mapajani.

Bi Nimwaka akagonga ardhi kwa mkongojo.

"Nilimwita," akasema. "Ndege ilipoinuka nilimwita kwa jina lake, nikamtikisa, nikamfinya sikio. Hakuamka. Na mimi najua alichokitaka, alikwisha niambia. Alinifunda wiki nzima nisiogope, naye alikuwa na jambo lake moja tu la kuangalia. Basi nikafungua ule mkanda, nikamwegemea kifuani na nyonga yangu hii, nikaangalia dirishani kwa niaba yake. Rubani alinipigia kelele nikae. Sikukaa."

Hakuna aliyecheka tena. Dada yangu akaondoka kwenye kiti cha somo, akashuka mkekani, akakaa miguuni pa bibi, pale anapokaa mwari.

"Niambie," akasema. "Hoteli uliiona?"

"Niliitafuta mpaka nikaiona. Lile paa lake kubwa, na lile bwawa, na geti."

"Ilikuwa ukubwa gani?"

Bi Nimwaka akanyoosha kidole gumba mbele ya jicho lake, akafumba jicho la pili. "Ilienea yote hapa chini ya kidole."

"Uliifunika?"

"Niliifunika, mwanangu. Nikaifunika na kidole hiki, na geti lake, na askari wake, nikakiweka hapohapo mpaka tukaipita."

Mejumaa akaushika ule mkono kwa mikono yake miwili, akakitazama kile kidole chenye kucha iliyopasuka, na hapo ndipo akaanza kulia.